Kifungua Mimba na Mshahara Wake

Mwongozo huu ni wa binti aliyemaliza chuo, akapata kazi Dar es Salaam, Mwanza au Dodoma, na ambaye simu yake huanza kuita wiki ya mwisho ya mwezi. Mama anahitaji dawa ya presha. Mdogo wako aliye chuoni anadaiwa. Baba mdogo anaoza, na kwenye daftari la kamati umeandikiwa laki moja bila kuulizwa. Kila ujumbe unamalizikia palepale: tuma na ya kutolea. Wewe mwenyewe unakaa kwa shangazi Mbagala, unaamka saa kumi alfajiri kuosha vyombo kabla ya kuwahi daladala, na wazo la kupanga chumba chako unaona aibu hata kulitamka.

Ushauri utakaoupata ni wa pande mbili. Kanisani, msikitini na kwa majirani utaambiwa toa, wazazi ndio waliokusomesha, Mungu atakuzidishia. Kazini wenzako watakuambia ishi maisha yako, mambo ya kwenu hayakuhusu. Mimi siafiki upande wowote. Aliyeuza ng'ombe au kahawa ili ufike kidato cha nne ana haki ya kutarajia kitu kwako, na binti anayejifanya halioni hilo huishia kulipa kwa upweke. Lakini mzigo usio na kipimo haubebeki. Mabinti wengi ninaowafahamu wanachoshwa na kutojua msaada unaishia wapi, na kila mwezi matumizi yao kuamuliwa na atakayewahi kupiga simu. Kwa hiyo kazi yako ni kuupa wajibu kiasi, tarehe na jina la mwenye nao. Ninayoeleza hapa yanafuata sheria na desturi za Tanzania Bara.

Anza na karatasi ya mshahara

Nyumbani wamesikia unalipwa laki saba. Tuichambue. Kama umeajiriwa kampuni binafsi, NSSF inaondoka na asilimia 10, yaani 70,000. Kodi ya mapato ni kama 42,000. Ikiwa ulisoma kwa mkopo, Bodi ya Mikopo hukata asilimia 15 ya mshahara wa msingi, nayo ni 105,000. Bima ya NHIF ni asilimia 3, 21,000 nyingine. Kinachoingia benki ni 462,000, na hapo hujapanda daladala wala kununua chakula cha mchana.

Wengi huificha karatasi hii kama barua ya mchumba. Nakushauri uionyeshe, ila kwa mtu mmoja tu, yule anayeshika fedha za nyumbani, mara nyingi mama. Kaa naye, msomee mstari kwa mstari, hasa ule wa Bodi ya Mikopo, kwa sababu wazazi wengi hudhani mkopo wa chuo ulikwisha siku ya mahafali. Usimtumie picha yake kwa WhatsApp; kesho yake itakuwa kwa baba wakubwa na baba wadogo wote. Mzazi aliyeyaona makato kwa macho yake ndiye atakayekusemea kwenye ukoo siku ambayo hupo.

Halafu taja kiasi cha kila mwezi. Chagua kile unachoweza kukitoa hata mwezi mbaya, hata kama ni 50,000 na unaionea aibu. Kitume tarehe ileile, kabla hujaombwa, na ya kutolea ukiwa umeshaihesabu ndani yake. Kitume mara moja: makato ya miamala hupangwa kwa madaraja ya kiasi, kwa hiyo vipande vitatu vya ishirini ishirini hukatwa zaidi ya sitini nzima. Kuna faida nyingine ya tarehe. Fedha inayofika bila kuombwa humfanya mama ajipange. Ile inayofika baada ya simu tatu humfundisha kupiga simu ya nne.

Nje ya kiasi hicho, lipa kitu chenyewe badala ya kutuma fedha. Hapa neno la kuangaliwa kwa makini ni "ada". Shule za serikali ziliacha kutoza ada kuanzia msingi hadi kidato cha nne tangu Januari 2016, na kidato cha tano na sita tangu mwaka 2022. Mdogo wako wa shule ya kata anaposema ada, muulize kwa upole anamaanisha nini: sare, mchango wa chakula, daftari, au kiatu cha fasheni. Yote ni mahitaji, hata kiatu, lakini kila kimoja kina bei yake. Akiwa chuo cha umma, omba namba ya malipo ya chuo na ulipe mwenyewe kwa simu. Hapo hakuna wa kati. Na kama anasoma stashahada, aulize Bodi ya Mikopo, maana kuanzia mwaka wa masomo 2023/24 mikopo ilianza kutolewa pia kwa baadhi ya kozi za ngazi hiyo. Hakuna sababu uwe Bodi ya Mikopo ya familia ilhali ile yenyewe ipo na inakudai.

Dawa vilevile. Mwajiriwa aliye NHIF amekuwa akiruhusiwa kuandikisha mwenza na wategemezi wasiozidi wanne, na wazazi wamo. Hujaolewa, huna mtoto: nafasi hizo zimekaa bure. Nenda ofisi ya rasilimali watu, uliza utaratibu wa sasa, chukua picha na vyeti vinavyotakiwa. Jioni moja ya kujaza fomu inaweza kuondoa nusu ya simu za dharura za mwaka.

Michango ya harusi, sendofu na kipaimara iwekee fungu la mwaka mzima. Likiisha mwezi wa nane, limeisha.

Namna ya kusema sina

Usidanganye. Binti anayemwambia baba yake "sina hata mia" na Jumamosi anaweka picha za Coco Beach kwenye status amejimaliza mwenyewe, kwa sababu binamu zake wote wanaziona na mmoja wao yuko nyumbani kwenu muda huo. Sema kweli yenye mpaka. Baba ataanza, "Mama, hujambo? Lile paa la jikoni limeoza." Salimu kwanza, shikamoo yako iwe kamili, umsikilize amalize, kisha: "Baba, nimelisikia. Ya mwezi huu nimeshatuma tarehe 28, na iliyobaki ina kazi. Hilo la paa niachie hadi mwezi wa pili, nitakuambia nimefikia wapi." Usitoe maelezo marefu ya kazi gani, kila maelezo hufungua mjadala. Na mwezi wa pili ukifika, piga wewe. Hata kama umepata nusu, piga. Ukikaa kimya mara moja tu, mara nyingine "niachie" yako haitaaminika.

Kuna mambo mtoto hawezi kumwambia mzazi hata akiwa na hoja nzuri kuliko hakimu. Hayo mpe bibi. Mjukuu na bibi wana utani wao, na bibi ana uhuru wa kumwambia mwanawe, "Mwacheni mtoto apumue," na maneno yakapita. Mjomba pia anafaa, mradi asiwe miongoni mwa wanaokudai.

Kabla ya tofali la kwanza

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu ndipo mabinti hupoteza fedha nyingi kuliko kwenye dawa na ada zote, tena kwa moyo mweupe. Unataka kuwajengea wazazi. Kila mtu anafurahi. Unanunua bati, nondo, saruji. Fundi anatuma picha. Baada ya miaka minne nyumba imesimama kwenye kihamba cha baba Kilimanjaro au kibanja cha Kagera. Baba akifariki, nyumba hiyo ni ya nani?

Kwa jamii zinazofuata ukoo wa baba, kanuni za mila za urithi ziliandikwa na serikali kwenye Tangazo Na. 436 la mwaka 1963. Humo, daraja la kwanza la urithi ni la mtoto wa kiume wa kwanza wa nyumba kubwa. Wana wengine wa kiume wanafuata. Mabinti wako daraja la tatu, na ardhi ya ukoo wanapewa kuitumia tu, si kuiuza. Umezaliwa wa kwanza, umejenga peke yako, na kwa kanuni hizo uko nyuma ya kaka zako wote. Mwaka 2006 Mahakama Kuu ilikubali kwamba kanuni hizo zinabagua, lakini ikakataa kuzifuta.

Ziko sheria zinazokupa nguvu. Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji, zote za mwaka 1999, zinatamka kwamba mwanamke mtu mzima ana haki ya kupata, kumiliki na kutumia ardhi sawa na mwanamume, na ile ya vijiji inabatilisha mila inayomnyima mwanamke haki hiyo. Kabla ya hapo, mwaka 1990, Mahakama Kuu Mwanza iliamua shauri la Holaria Pastory, mwanamke wa Kihaya aliyeachiwa ardhi na baba yake kwa wosia akaiuza kwa mtu asiye wa ukoo. Mpwa wake, Bernardo Ephraim, alipinga uuzaji huo. Jaji Mwalusanya alisema mila ya kumzuia mwanamke kuuza ardhi ya ukoo inapingana na haki zilizomo kwenye Katiba, na mauzo yakasimama. Utaona, hata hivyo, kwamba Holaria alikuwa na wosia mkononi. Asiye na karatasi huanza kesi akiwa nyuma, na kesi za ardhi huchukua miaka.

Kwa hiyo kabla ya tofali la kwanza, uliza mambo matatu, na uyaulize baba akiwa hai na mwenye furaha. Kiwanja hiki ni cha nani? Ninachojenga ni zawadi kwenu, au ni nyumba yangu mtakayokaa? Nani ataandika hivyo? Kama ni zawadi, toa na ujue umetoa. Usije baadaye ukagombana na kaka yako juu ya sadaka. Kama ni yako, mwombe baba akukatie kipande na kukukabidhi mbele ya ukoo na viongozi wa kijiji, kwa maandishi, kisha uombe halmashauri ya kijiji hati ya hakimiliki ya kimila kwa jina lako. Baba akitaka kufanya kwa wosia, uandikwe na kushuhudiwa na watu wa ukoo na wasio wa ukoo. Familia za Kiislamu ziwe makini: mrithi hausiwi bila ridhaa ya warithi wengine, kwa hiyo njia safi ni hiba, baba akupe angali hai na ukabidhiwe kweli. Risiti za bati na saruji zitunze, ziandikwe jina lako, si la fundi wala la kaka anayesimamia.

Kusema haya mbele ya baba kunatisha, najua. Ataona unamtabiria kifo. Njia rahisi ni kuanza na jirani. Kila kijiji kina nyumba moja inayogombewa mahakamani, na baba anaijua hadithi yake kuliko wewe.

Maoni yangu, na wengi hawatayapenda: mradi wa kwanza wa binti usiwe nyumba ya nyumbani. Uwe kiwanja chake, popote anapomudu, kwa jina lake. Wazazi watengenezewe paa, choo na maji kwanza. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inamruhusu mke kumiliki mali yake mwenyewe, na ndoa peke yake haibadilishi mwenye mali. Uliyoinunua kabla ya kuolewa inabaki yako, ingawa mkija kuiendeleza pamoja na mume hesabu inabadilika.

Kuhama kwa shangazi

Sema ukweli kimoyomoyo: ukihama, shangazi anapoteza mikono miwili ya bure. Hatakuambia hivyo. Atasema mji umeharibika, na msichana anayepanga peke yake watu watamwonaje. Mengine katika hayo ni huruma ya kweli, usiyadharau.

Jipange kwa fedha kwanza. Chumba cha 80,000 kwa mwenye nyumba anayetaka kodi ya miezi sita ni 480,000, na dalali anachukua ya mwezi mmoja, jumla 560,000 kabla ya godoro na mtungi wa gesi. Kwa mshahara tuliouona, hiyo ni kazi ya kikoba au mchezo. Omba zamu yako iangukie mwezi unaotaka kuhama. Dai mkataba wa maandishi, jiandikishe ofisi ya serikali ya mtaa, na ujue mita ya LUKU mnaichangia wangapi.

Taarifa ipite kwa mama kabla ya shangazi, ili shangazi asiwe wa kwanza kupiga simu nyumbani akiwa na hasira. Mama ampigie wifi yake, amshukuru kwa kukulea mjini, ndipo wewe ukae naye uage. Mpe miezi miwili atafute msaidizi. Usihame akiwa safarini. Ukishahamia, mkaribishe mama aje alale kwako wiki nzima, aone kitasa, majirani na choo. Atakaporudi kijijini hakutakuwa na wa kumwambia habari za chumba chako.

Jihadhari na begi la pili. Miezi mitatu baada ya kupanga, mdogo wako wa kiume anatua na begi "kutafuta maisha". Mpokee, lakini siku hiyohiyo taja muda mbele ya wazazi: miezi mitatu, sita, na kazi gani za ndani ni zake. Kupika na kuosha vimo.

Ndoa, na lisilosemwa

Msukumo wa kuolewa unaujua. Sheria ya Ndoa inadai ridhaa ya hiari ya wote wawili, na mwanamke aliyetimiza miaka 18 hahitaji kibali cha mzazi mbele ya sheria hiyo. Vifungu vilivyoruhusu msichana kuolewa chini ya umri huo vilipingwa mahakamani na Rebeca Gyumi. Alishinda Mahakama Kuu mwaka 2016, na Mahakama ya Rufani ikaunga mkono mwaka 2019. Sheria hiyohiyo inasema ndoa iliyokamilika haibatiliki kwa kuwa mahari haijalipwa. Kwa ndoa ya Kiislamu walii ana nafasi yake, na akikataa bila sababu ya kisheria, suala hupelekwa kwa kadhi. Vitisho au kipigo vikiingia, nenda dawati la jinsia polisi, ustawi wa jamii wa halmashauri au kwa msaidizi wa kisheria. Hapo hakuna tena mazungumzo ya kifamilia ya kusubiri.

Lisilosemwa ni upande wa pili. Zipo familia ambazo hazina haraka ya kukuoza, kwa sababu mshahara wako ndio unaoendesha nyumba. Kila mchumba ana kasoro: kabila, dini, kazi, urefu. Ukiona mchumba wa tatu anakataliwa kwa sababu nyepesi, angalia hesabu. Maneno hayatasaidia sana hapo. Kinachosaidia ni kuwaonyesha kuwa kile kiasi cha kila mwezi kitaendelea baada ya harusi, na hilo unaliweza tu kama umemwambia mchumba mapema, kabla ya posa, kwa tarakimu: natuma kiasi hiki, tarehe hii, kwa ajili ya hiki. Mwanamume anayenuna kwa kusikia 50,000 ya dawa ya mama yako amekurahisishia uamuzi.

Kaka zako nao wana wazazi

Fedha haimalizi wajibu wote, kuna kufika. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inakupa siku 28 za likizo ya mwaka, na siku nne zenye malipo kwa msiba wa mzazi, mwenza, babu au bibi, mjukuu au ndugu wa kuzaliwa. Baba mkubwa hayumo, hata kama ndiye aliyekulea, kwa hiyo weka akiba ya siku chache za likizo usizile zote Desemba.

Lakini Desemba nenda, kama Wachaga wanavyokwenda "kuhesabiwa". Ndiyo nafasi pekee ya mwaka ambapo watoto wote mko chini ya mti mmoja. Tarehe 27 hivi, kabla watu hawajaanza kukata tiketi, omba kikao cha watoto wa tumbo moja, mama awepo. Leta orodha ya mahitaji ya mwaka: dawa, chakula cha miezi ya njaa, mdogo anayesoma, paa. Kila jambo lipate jina. Kaka aliyezoea kusema "dada atafanya" apewe jambo lake. Hata asiye na ajira anaweza kumpeleka baba kliniki, kupalilia, au kusimamia fundi. Yaandikwe, na karatasi ibandikwe kwenye kundi la WhatsApp la familia ili hata aliyelewa siku ile aione.

Wengine hawatatekeleza. Usikimbilie kuziba kila pengo mwezi uleule, maana ukiziba, mwakani orodha yote itarudi kwako. Acha chakula na dawa tu visikwame. Mengine yakwame kidogo, mama ampigie mwenye jambo lake. Na mdogo anayekufuata akipata kazi, mkabidhi jambo moja mwezi wake wa kwanza, kabla mshahara wake haujazoea kitu kingine.